Kilumbizo Chenye Milango Miwili

Azimio la saba lilisomeka lote isipokuwa neno moja, na neno hilo ndilo lililobeba kazi yenyewe.

Nilikuwa na wiki mbili tu tangu niripoti, mtendaji mpya wa kijiji kimoja cha wakulima wa pamba, mbali na Bariadi kiasi cha kukufanya ushuke kwenye pikipiki ukiwa na rangi ya barabara. Ofisi ilikuwa chumba kimoja, meza moja, mhuri mmoja, na kabati la chuma lililofunguka kwa kupigwa teke upande wa kushoto. Ndani ya kabati nilikuta kauntabuku la mihtasari ya mikutano. Lote lilikuwa limeandikwa na mtangulizi wangu, mzee aliyestaafu, kwa mwandiko uliolala upande mmoja kama mtama uliopigwa na upepo, halafu mvua ikanyesha juu yake.

Barua kutoka wilayani ilinikuta hapo hapo. Nilitakiwa kuwasilisha, ndani ya siku kumi na nne, taarifa ya utekelezaji wa maazimio yote saba ya mkutano mkuu wa kijiji uliopita. Nikafungua kauntabuku. La kwanza lilihusu vyoo. La pili, madawati. La tatu, ng'ombe wanaoingia kwenye pamba za watu. Kwa kubahatisha kidogo niliyasoma hadi la sita. Kisha nikafika hapa:

"Wananchi kwa kauli moja wameazimia kujenga kil… kimoja, chenye milango miwili inayotazamana, upana wa mtu mmoja na nusu, kisiwe na paa, kikae mbali na kisima, na watoto wasiruhusiwe kukipanda."

Neno lilianza na kil, hapo hapakuwa na ubishi. Kisha ikaja nundu, kisha kitu kama mb, kisha kalamu ikakimbia hadi ukingoni mwa karatasi kama mtu aliyeitwa nje ghafla.

Nikampelekea mwenyekiti wa kijiji. Alikuwa mzee wa makamo, mnene, mwenye koti la kahawia alilolivaa hata jua likiwa kali, na sifa ya kutokataa jambo lolote mbele ya wageni. Alishika kauntabuku mbali na uso, akalisogeza, akaligeuza upande.

"Hapa ni wazi kabisa, mayu," akasema, akiniita mama kwa Kisukuma. "Milango miwili."

"Milango nimeiona. Milango ya nini?"

"Ya hiki hapa."

"Hiki ni nini?"

Akatazama tena. "Hiki ndicho kinachojengwa."

"Mwenyekiti, sahihi yako hii hapa chini."

"Ndiyo, nilisaini."

"Ulisaini nini?"

"Azimio la saba," akajibu, na akanirudishia kauntabuku kwa heshima, kama mtu aliyemaliza kusaidia.

Nikaanza kuwauliza waliohudhuria. Ndipo nilipoelewa kwamba tatizo lilianza kabla ya mwandiko. Siku ya mkutano mvua kubwa ilikuwa imenyesha, wakahamia ndani ya darasa lisilo na dari. Mvua juu ya bati iliwafanya waone midomo ya viongozi ikichezacheza bila kusikia kitu. Wakanyoosha mikono kwa sababu wa mbele walinyoosha. Mama mmoja aliniambia alinyoosha mkono kuomba wenzake wasogee, bati lilikuwa linamvujia begani. Akahesabiwa miongoni mwa waliokubali. Wote walikumbuka vizuri sana kwamba walikuwa kwa kauli moja. Kauli yenyewe ndiyo hawakuikumbuka.

"Basi tulifute," nikamwambia mwenyekiti. "Tuitishe mkutano, tulifute azimio la saba."

Alinitazama kwa huruma. "Tutafutaje jambo tusilolijua? Wakituuliza tumefuta nini, tutasema nini?"

Nikalifunga kauntabuku.

Labda nieleze kidogo kwa nini neno lile halikuniondoka kichwani kama lingemwondoka mtendaji mwingine mwenye akili timamu. Nilikulia Bariadi mjini, nyuma ya duka la nguo. Baba yangu alikuja na biashara kutoka Singida, mama ni mtu wa Kondoa, na nyumbani tuliongea Kiswahili. Wateja wengi walikuwa Wasukuma wa vijijini. Kila asubuhi mtu wa kwanza aliingia akasema, "Mwangaluka," baba akajibu, "Mwangaluka," akainuka, akageukia rafu, akashusha doti. Nilikuwa mdogo. Nikajua moja kwa moja kwamba mwangaluka ni kitambaa, tena kizuri, maana kiliulizwa kuliko vyote. Sikukuu ilipokaribia, nikamwambia mama nataka gauni la mwangaluka. Mama akacheka hadi akakaa chini. Lakini miaka yote baadaye, nikisikia watu wakiamkiana hivyo, naona kitambaa cha buluu chenye maua madogo kikifunguliwa juu ya meza. Sijawahi kukipata dukani. Naamini nilikivumbua mwenyewe.

Kwa hiyo nilipanda bodaboda hadi Nkololo, nyumbani kwa mtangulizi wangu.

Nilimkuta ameketi uani, anachambua mbegu za mahindi kwenye ungo, miwani imefungwa kwa uzi. Mke wake akaniletea kigoda na kikombe cha chai. Baada ya salamu, ambazo kwa Wasukuma si za haraka, maana huulizwa nyumba, watoto, ng'ombe na mvua, nikamfungulia kauntabuku ukurasa ule. Akafuta miwani kwa shati. Akasoma sauti ya chini, "Wananchi kwa kauli moja wameazimia kujenga…" Kidole kikasimama pale.

"Mwandiko ni wangu," akasema. "Neno si langu."

"Si umeliandika wewe, mzee?"

"Nililiandika kwa akili ya siku ile."

Akaomba kalamu. Alisema mkono una kumbukumbu yake, akiuacha uandike sentensi nzima kwa kasi bila kufikiri, utalifikia neno wenyewe. Akaandika mara tano. Kila mara mkono ulifika pale ukaandika kitu kingine: kilimbo, kilambua, kitu chenye herufi mbili tu na mkia. Mara ya tano aliweka kalamu chini, na nikaona macho yake yamelowa. Nilijuta kuja. Mtu ameandika mihtasari ya watu maisha yake yote, halafu anakuja binti na bodaboda kumwonyesha kwamba hasomeki.

Mke wake ndiye aliyeokoa hali. Alikuwa mama mrefu, mkavu, mwenye kusema maneno bila kuinua macho kwenye kazi yake.

"Usimwonee," akaniambia. "Mimi nimeishi na mwandiko huo tangu ujana. Alipokuwa ananitaka aliniandikia barua tatu. Sikuweza kusoma hata moja. Nikachagua moja, nikaamua imesema ananipenda na ana ng'ombe. Nikamjibu hivyo."

"Na ilikuwa imesema hivyo?"

"Muulize."

Mzee akajikohoza. "Nilikuwa naazima baiskeli ya kaka yake."

Tukacheka wote watatu, yeye wa mwisho. Waliniaga kwa kunifungia karanga kwenye gazeti. Nikarudi bila neno.

Siku kumi na nne zilipotimia niliandika taarifa. Kwenye azimio la saba niliandika yale yanayoandikwa na watendaji wote nchini: "Utekelezaji unaendelea." Nilidhani yameisha. Baada ya wiki ikaja barua ya kunipongeza, ikitaka nieleze utekelezaji umefikia asilimia ngapi. Nikaandika arobaini. Sijui kwa nini arobaini. Ilionekana namba ya mtu mkweli. Ikaja barua ya tatu: timu ya ufuatiliaji itatembelea kijiji mwishoni mwa mwezi ujao kukagua asilimia hizo arobaini na zile zitakazokuwa zimeongezeka.

Nikamwambia mwenyekiti ukweli wote. Hakukasirika. Alifungua vifungo vya koti, akavifunga tena, akaitisha mkutano.

Mkutano ulifanyika uwanja wa shule, jua la saa nne, watu wakasikia kila neno. Nilisoma azimio kwa sauti, na nilipofika pale penye shida nilisoma kile ambacho macho yangu yalikuwa yamezoea kukiona: kilumbizo. Nilisema wazi kwamba sina hakika. Lakini neno likishatamkwa mbele ya watu mia halikubali kurudi. Nikasikia likipita kwenye midomo, kilumbizo, kilumbizo, kama watu wanaoonja chumvi.

Wa kwanza kusimama alikuwa mwalimu mstaafu wa Kiswahili, mtu mwembamba aliyesahihisha hata salamu za watu.

"Neno hili halina utata," akasema. "Shina lake ni lumba. Kulumbana ni kujibizana. Malumbano ya hoja, ndugu zangu! Kilumbizo ni mahali pa kuwalumbanisha watu wanaogombana."

Akapigiwa makofi. Kisha akasimama bibi mmoja aliyekuwa na kitongoji chake nyuma yake kama jeshi, maana wengi wa pale walikuwa wajukuu zake.

"Mwalimu amesoma," akasema, "lakini sisi tumezaliwa. Kwetu kulumba ni kushukuru. Mtu akikupa ng'ombe, unalumba. Hicho ni kitu cha kushukuria."

"Bibi, serikali haiandiki Kisukuma," mwalimu akasema.

"Aliyeandika ni Msukuma. Alikuwa anaandika kwa mkono wa nani?"

Mwalimu akakaa. Mtu wa nyuma akauliza kama haiwezi kuwa lumbesa, yaani yale magunia ya kujaza hadi yanaota shingo, kwamba labda tunajenga kidude cha kuzuia lumbesa. Mwingine akasema kisicho na paa na chenye milango miwili ni zizi. Wakamuuliza ng'ombe gani mwenye upana wa mtu mmoja na nusu. Akasema ndama. Ubishi ukashika moto, na nikagundua kwamba tangu nifike sijawahi kuona watu wale wamechangamka hivyo. Kwenye mkutano wa vyoo nilioitisha nilipofika walikuwa wamesinzia.

Mwenyekiti akanyoosha mkono. "Maelezo ya ujenzi tunayo," akasema. "Milango tunaijua, upana tunaujua, paa halipo, kisima tunajua kilipo. Kinachokosekana ni jina tu, na hata mtoto huzaliwa kabla ya jina. Tujenge. Tutakijua kikishasimama."

Wakanyoosha mikono. Nikaandika kwa herufi kubwa zilizoachana.

Kazi ilianza Jumamosi. Kila kaya ilileta mawe na maji, wenye tofali mbichi walileta tofali. Shida ya kwanza ilikuwa upana wa mtu mmoja na nusu. Mtu yupi? Baada ya majadiliano wakakubaliana mtu mmoja awe mwenyekiti, kwa kuwa ndiye mkubwa wa kijiji kwa namna zote, na nusu awe mwalimu akisimama ubavu. Wakawasimamisha pamoja juu ya mchanga, bega kwa bega, wakachora mistari huku na huku. Mwalimu alilalamika kwamba yeye si nusu. Wakamwambia ni heshima. Shida ya pili ilikuwa urefu wa kwenda ndani, ambao azimio halikuutaja. Wakajenga hadi tofali zilipokwisha. Matokeo yake yakawa kitu kama kichochoro kisicho na nyumba: kuta mbili zinazopita kichwa cha mtu, hatua kama ishirini kutoka mlango hadi mlango, anga juu, uwanda pande zote. Ukisimama mbali kilionekana kama kipande cha mji kilichodondoka kutoka kwenye gari.

Siku ya kupiga plasta ya udongo ndani ndipo jambo lilipotokea.

Kulikuwa na wanaume wawili majirani waliokuwa hawasemezani tangu msimu wa kupanda. Mmoja alikuwa na ng'ombe, mwingine alikuwa na pamba, na mengine unaweza kuyakisia. Huyu wa ng'ombe aliingia kwa mlango wa mashariki akiwa na karai la udongo kichwani. Yule wa pamba aliingia kwa mlango wa magharibi, naye na karai lake. Wakakutana katikati. Upana ule, wa mwenyekiti na mwalimu ubavu, haukuruhusu watu wawili wazima wenye makarai kupishana. Mmoja alitakiwa kurudi kinyumenyume. Hakuna aliyerudi.

Tulisimama nje tukisubiri. Mbuzi mmoja akaingia kuangalia, akatoka.

"Rudi," ikasikika sauti ya wa ng'ombe.

"Wewe ndiye uliyezoea kuingia pasipo pako. Rudi wewe."

Hapo yakaanza. Walisema ya pamba, wakasema ya ng'ombe, wakarudi nyuma hadi ya plau iliyoazimwa na kurudishwa imepinda, wakafika hadi ya msiba ambao mmoja alichelewa kufika. Kuta zilishika sauti zao na kuzitupa juu, kwa hiyo kijiji kizima kilisikia vizuri kuliko kwenye mkutano wowote. Makarai hayakushushwa, maana hapakuwa na pa kuyashushia. Udongo ukaanza kuwatiririkia masikioni. Mwishowe mmoja wao, sikumbuki yupi, akasema kwa sauti nyingine kabisa, "Shingo inaniuma."

"Hata mimi."

"Basi tupake."

Wakapaka udongo pale pale katikati, kila mmoja ukuta wa upande wake, hadi makarai yakaisha. Walipotoka, wa ng'ombe alitoka kwa mlango wa mwenzake, na wa pamba kwa mlango wa mwenzake. Mpaka leo hakuna anayejua walipishanaje. Suala la pamba halikuisha siku ile. La plau liliisha. Na wa ng'ombe alipopita mbele ya bibi mwenye wajukuu, akasema tu, "Wabeja," asante, wala hatukujua anamshukuru nani.

"Mmesikia malumbano?" mwalimu akasema.

"Mmesikia kulumba?" bibi akasema.

Timu ya ufuatiliaji ilikuja ilivyoahidi, ofisa mmoja mwanaume mwenye futi kamba, na dada mmoja mwenye fomu. Nilikuwa nimelala vibaya siku tatu. Tukawapeleka. Walisimama mbele ya mlango wa mashariki kwa muda, wakazunguka hadi wa magharibi, wakasimama tena.

"Hiki ndicho kilumbizo?" ofisa akauliza.

"Ndicho chenyewe," mwenyekiti akasema.

Nilisubiri swali linalofuata. Halikuja. Nikaona usoni mwake kitu nilichokijua, kwa sababu nilikuwa nacho mwenyewe wiki nyingi: hofu ya mtu anayedhani yeye peke yake ndiye asiyejua. Akafungua futi kamba, akapima.

"Nimeviona sehemu nyingine," akasema. "Chenu kina milango mizuri."

Dada mwenye fomu alikuwa na shida. Fomu ilitaka aina ya mradi: elimu, afya, maji, mifugo, mengineyo. Alitazama ukuta, akatazama anga, akaweka tiki kwenye mengineyo.

"Kinafanya kazi?"

"Kinafanya," mwenyekiti akajibu.

"Kinahudumia watu wangapi?"

"Wawili wawili."

Akaandika. Wakanywa soda, wakaondoka. Mwenyekiti alivua koti kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu, shati lake limelowa mgongo mzima.

Ningesimulia kwamba mambo yaliishia hapo, lakini haikuwa hivyo. Baada ya muda nilipigiwa simu na mtendaji mwenzangu wa upande wa Nkoma, kijana mpole niliyekutana naye kwenye semina.

"Dada, samahani," akasema. "Tumeletewa barua, wanauliza hali ya kilumbizo chetu. Nimejibu asilimia thelathini. Sasa naomba unisaidie: kilumbizo ni nini?"

Ningeweza kumwambia kila kitu. Badala yake nilimuuliza, "Watu wako wanasemaje?"

"Wanasema lazima kiwe kitu cha pamba. Wengine wanasema ni jukwaa."

"Basi waendelee kusema," nikamwambia. Nikamsomea vipimo. Watu wa kijiji chake hawakukubali jambo la kukosa paa, wakaweka la nyasi. Kikawa kivuli kirefu ambamo wanawake husubiri zamu ya kupimiwa pamba, wameketi mistari miwili wanatazamana, na inasemekana habari za kata nzima hutengenezwa mle. Nao wanakiita kilumbizo, na wanasema chetu ndicho kilichokosewa.

Mtangulizi wangu alisikia habari hizi, akaja na mke wake kwa pikipiki moja, yeye kwenye suruali ya ofisi iliyopigwa pasi. Watu walikusanyika. Kwa mara ya kwanza mwenye neno alikuwa amekuja kulitazama. Alizunguka. Akagusa ukuta. Akaingia mlango wa mashariki, akatoka wa magharibi.

"Sicho," akasema.



"Sasa ni nini, guku?" mtu akamuuliza, akimwita babu kwa Kisukuma.

"Sijui. Lakini sicho hiki."

Mke wake, aliyekuwa amekaa pembeni akikung'uta vumbi kwenye khanga, akainuka, akaingia kwa mlango wa magharibi bila kuaga. Yule mzee akaona ameenda, akaingia wa mashariki kumfuata. Walikaa humo. Tulisikia sauti zao lakini walizungumza chini, na sijui ni heshima gani ilitushika, hata watoto walisogea mbali. Walipotoka, mzee alikuwa anatembea kinyumenyume, mke mbele yake, wote wanacheka jambo ambalo hatukuambiwa.

"Kimejengwa vizuri," akasema. Akaomba kauntabuku. Akanyoosha kidole kwenye mstari wa azimio la saba, akanitaka niandike juu yake kwa kalamu nyekundu, kwa mwandiko wangu, neno zima. Nikaandika. Akasaini pembeni. Sahihi yake haikusomeka.

Nilikaa kijijini pale miaka minne. Katika muda huo lile neno lilizaa. Watu wakaanza kusema "nitakulumbiza" kwa maana ya "nitakuingiza mahali ambapo lazima tuseme." Mama akichoka na watoto wanaogombana anawaambia, "Nendeni mkalumbizane," nao wanakwenda, na mara nyingi wanasahau ugomvi njiani. Wachumba walikitumia kwa mambo yao. Si kila aliyeingia alipatana. Kuna ndugu wawili waliingia wakiwa wanasalimiana wakatoka hawasalimiani, na bado iko hivyo. Wengi walipita tu, kwa kuwa kimekaa kwenye njia ya kwenda mashamba ya mpunga.

Na mimi nilianza kuandika. Si mihtasari. Nilinunua daftari jingine, nikawa naandika humo maneno niliyoyasikia vibaya, mabango ya mjini yaliyofutika nusu, ujumbe wa simu uliotumwa kwa namba isiyo yake. Chini ya kila neno niliandika kile ambacho lingeweza kuwa. Hadithi zangu za kwanza zote zilitoka humo. Nilikuwa nimesoma shule nzima nikifundishwa kwamba usipoelewa, kosa ni lako na kazi imeishia hapo. Watu wa kijiji kile hawakuelewa, wakaenda kuchota maji ya kukandia udongo.

Sasa nafanya kazi Bariadi, ofisi yenye feni na kompyuta. Mwaka huu, mvua za masika zilipokuwa kali, mwenyekiti alinipigia simu asubuhi mapema.

"Mwangaluka, mayu. Ukuta wa mashariki umeanguka. Tunajenga Jumamosi."

"Mkutano ulikaa lini?"

"Mkutano wa nini?"

"Wa kuazimia kujenga."

"Hakuna aliyeazimia," akasema. "Watu wameanza kuleta mawe. Mimi nimeona rundo linakua tu."

Jumamosi nikaenda. Nilikuta wanabishana kama wajenge kwa upana ule ule, kwa kuwa mwenyekiti amepungua mwili tangu augue. Mwalimu alikuwa upande wa kupima upya. Bibi hakuwepo, alikuwa na homa, lakini alituma wajukuu saba na debe la michembe, vile vipande vya viazi vitamu vilivyokaushwa ambavyo unavitafuna unapopumzika. Wakanipa ndoo. Nilibeba maji kutoka kisimani hadi adhuhuri, na kutoka kule kisimani ni mbali, kama ilivyoandikwa.